Kuisindikiza filamu bubu kwa piano ya papo kwa papo: mwongozo kamili

Mpiga piano anayesindikiza filamu bubu ana bwana mmoja tu: skrini. Hana kiongozi wa kumpa ishara kwa mkono, hawezi kuomba "turudie", na watazamaji wengi hawakuja kumsikiliza yeye. Wanaoanza hudhani ugumu wa kazi hii uko vidoleni. Uko machoni: kuona mapema, kuelewa onyesho linahusu nini hasa, kulipiga hilo, na kuyaacha mengine yapite.

Mwongozo huu unamfaa mtu anayeweza kupiga kodi (sauti tatu au nne zinazolia pamoja) katika funguo za C, G, D, F na B flati, pamoja na maina zake, bila kutazama mikono. Kusoma noti kunasaidia lakini si sharti. Aliyelelewa na solfa kwenye kwaya ana faida kubwa hapa, kwa sababu hufikiri kwa do na la badala ya vitufe, na kuhamisha wimbo kwenda ufunguo mwingine hakumsumbui.

Itazame mara mbili, na uulize mwendo

Mara ya kwanza tazama filamu bila piano na bila muziki wowote. Nakala nyingi za siku hizi zina muziki uliorekodiwa. Uzime, la sivyo sikio litauiba bila wewe kujua na utajikuta unapiga kazi ya mtu mwingine. Tafuta jibu la swali moja tu: nani anataka nini, na nini kinamzuia? Mara ya pili keti na kalamu na saa.

Kabla ya hiyo mara ya pili, muulize anayeandaa uonyeshaji mambo matatu: ni nakala gani, itaendeshwa fremu ngapi kwa sekunde, na itachukua dakika ngapi. Kamera za wakati ule zilizungushwa kwa mkono, na mwendo ulikuwa wowote kati ya fremu 16 na 24 hivi kwa sekunde. 24 ilikuja kuwa kanuni sauti ilipoingia kwenye filamu. Tofauti si ndogo. Futi 1,000 za filamu ya milimita 35 zina fremu 16,000. Kwa fremu 16 kwa sekunde zinachukua dakika 16 na sekunde 40. Kwa 20, dakika 13 na sekunde 20. Kwa 24, dakika 11 na sekunde 7. Filamu ya dakika 90 kwa mwendo wa 18 inabaki dakika 67 na nusu kwa mwendo wa 24. Ukifanyia mazoezi nakala moja halafu ukumbini ikaendeshwa nyingine, kila ulichokipima kwa dakika kitakuwa uongo. Hata miguu ya waigizaji itatembea theluthi moja haraka zaidi, na mdundo uliouona unafaa utaonekana umelala.

Ndiyo maana dakika huandikwa kama msaada tu. Kinachotegemewa ni picha.

Karatasi ya ishara

Tayari mwaka 1909 kampuni ya Edison ilikuwa ikichapisha mapendekezo ya muziki kwa filamu zake, na mwaka 1924 Erno Rapée, kiongozi wa okestra za sinema, alitoa mjini New York mkusanyiko wa vipande vya piano na ogani uliopangwa kwa hali na matukio 52, ili mpigaji afungue haraka ukurasa anaoutaka. Karatasi yako ni mjukuu wa vitabu hivyo, ila hubeba maneno machache tu. Ipe safu nne: ishara ya onyo, tukio lenyewe, hali na mapigo kwa dakika, kisha ufunguo au wazo la muziki. Filamu ndefu ienee kwenye karatasi mbili, mistari kama 30, kwa herufi kubwa zinazosomeka gizani.

Safu ya kwanza ndiyo roho ya karatasi. Anayeandika "mlango unafunguka" atachelewa kila mara, kwani akiuona mlango umefunguka, muziki ulipaswa uwe umeshageuka. Andika kinachotangulia: "mkono kwenye kitasa", "mbwa anainua kichwa", "kofia mezani". Tafuta ishara inayokuja sekunde 5 hadi 10 kabla. Huo ni muda wa kutosha kufunga sentensi ya muziki uliyokuwa nayo na kuandaa inayofuata.

Rangi nazo zitie kwenye karatasi. Filamu nyingi za enzi hiyo zilitiwa rangi moja kwa kila sehemu: buluu mara nyingi ni usiku, kahawia-njano ni ndani kwenye taa au jua, nyekundu ni moto. Rangi inapobadilika, mara nyingi mahali au saa imebadilika, na hiyo ni nafasi nzuri ya kubadili ufunguo.

Akiba ya kubeba mkononi

Kubuni papo hapo si kutoa kitu hewani. Ni kuchagua haraka kutoka kwenye akiba uliyoiweka. Kwa filamu ndefu andaa mada (vijisentensi vya muziki vinavyorudi kila mara) tatu au nne, si zaidi, na usimpe kila mhusika ya kwake. Mada moja ya nyumbani au ya uongo uliofichwa hufanya kazi kubwa kuliko sita za watu sita. Mada iwe na noti tatu hadi tano. Ijaribu kwa njia nne: polepole katika maina, haraka katika meja, besini kwa mkono wa kushoto, kisha noti mbili za kwanza peke yake. Ikitambulika kote huko, ibaki. Ikihitaji vipimo (makundi ya mapigo) vinane ndipo ijulikane, hiyo ni wimbo, na wimbo unadai umalizwe hata kama onyesho limeshakatwa.

Mkono wa kushoto uwe na ruwaza tano unazoweza kuzipiga ukiwaza jambo lingine: tano-tupu iliyoshikiliwa chini (do na so bila mi), kodi iliyovunjwa kwa mapigo sita, besi-na-kodi ya dansi, noti mbili au tatu zinazojirudia bila kukoma, na oktava zinazotembea hatua kwa hatua. Pigia kila moja dakika tatu, mkono wa kulia ukiwa kimya na macho yakiwa kwenye picha. Huo mkono wa kulia kunyamaza ndio sehemu ngumu ya zoezi.

Kwa upande wa rangi za sauti, skeli chache zinatosha. Vitufe vyeupe kuanzia D, ukipishanisha D maina na G meja, hutoa utulivu wa zamani usio na huzuni. Unaweza kukaa humo dakika nne bila mtu kuchoka. Vyeupe kuanzia E, kwa kodi za E maina na F meja, vina tishio, kwa sababu ya ile nusu toni ya kwanza. C meja na D meja juu ya besi ya C hufungua anga: bahari, ndoto njema, mtoto usingizini. Skeli ya toni nzima tupu (C, D, E, F shapu, G shapu, A shapu) inafaa kwa kizunguzungu na kuzimia, lakini ikipita sekunde 20 hivi masikio hupotea, maana haina nyumbani. Tano-tupu bila mi hufaa jangwa, uwanja baada ya vita, chumba kilichohamwa. Ile kodi ya kutetemesha iliyojengwa kwa hatua za nusu toni tatu tatu, ambayo kila mtu huifahamu kama muziki wa mhalifu mwenye sharubu, iache kwa mzaha. Leo ukumbi huicheka, na ukumbi ukishacheka mahali pabaya ni kazi kuurudisha.

Kuna jambo moja kuhusu vitabu vya zamani. Vilikuwa na muziki wa "Wachina", "Waarabu", "Wahindi Wekundu" na wengineo, vijiwimbo vya kubahatisha ambavyo havikuwa vya watu hao. Filamu yenyewe huenda ina dhihaka hiyohiyo. Usiiongezee. Mpige mtu aliye kwenye picha: ana hofu, ana njaa, anapenda. Hayo hayana kabila.

Kuvuka kutoka hali moja hadi nyingine

Hapa ndipo wengi huanguka, kwa hiyo tukae kidogo. Mpigaji ana kipande kizuri cha huzuni na kipande kizuri cha furaha, na kati yake kuna shimo.

Njia ya kwanza ni noti ya pamoja. Shikilia G juu kwa kidole kidogo. Chini yake weka C meja, kisha E flati meja, kisha E maina, kisha G maina, kisha A7. Kodi zote hizo zina G ndani. Noti ileile iliyokuwa so inageuka mi, ikawa mi tena kwa macho ya maina, na hali imebadilika kabisa huku sikio likihisi halijaachwa. Fanya zoezi hili kwa kila moja ya noti kumi na mbili, na hutakwama tena.

Njia ya pili ni besi inayoteremka au kupanda kwa nusu toni, mkono wa kulia ukiendelea na ulichonacho. Inafaa pale onyesho linapochafuka taratibu. Njia ya tatu ni kuacha: inua mikono, acha pigo moja au mbili tupu, anza upya. Inafaa kwenye mkato mkali, na inafaa mara chache. Ukiitumia kila mkato, muziki unakuwa kama redio inayobadilishwa stesheni.

Je, kila mkato unahitaji badiliko? Hapana. Shoti, yaani kipande kimoja cha picha kabla hakijakatwa, inaweza kudumu sekunde tatu tu. Ukizifuata shoti utapiga viraka. Lifuate onyesho. Mazungumzo yanayokatwa kutoka uso mmoja kwenda mwingine mara ishirini ni jambo moja, na yanataka mdundo mmoja chini yake.

Mfano wa dakika nne

Chukua mfululizo huu wa kubuni. Ofisini, karani anapokea barua ya kuachishwa kazi. Anatembea mitaani katikati ya watu wenye furaha. Anafika nyumbani, ni sherehe ya kuzaliwa kwa mtoto wake, anaificha barua kotini. Mkewe anatundika koti, mkono unaingia mfukoni.

Ofisi: mapigo 96 kwa dakika, noti mbili zinazojirudia kwa kushoto, kavu, bila pedali, D maina. Ishara ya onyo ni tarishi mlangoni. Usipandishe sauti anapofungua barua, punguza. Ruwaza ile ya kushoto iendelee, ila ipoteze noti moja moja hadi ibaki D pekee. Juu yake ipigwe mada ya barua, tuseme mi-re-so, mara moja tu.

Mtaani wengi hupiga umati kwa sababu umati unaonekana. Anayehusika ni karani. Mapigo 66, G maina, mwendo wa miguu yake tu, na furaha ya watu iwe mbali, noti chache kwenye oktava ya juu kabisa, kana kwamba anazisikia akiwa ndani ya maji. Usijaribu kulinganisha kila hatua yake na pigo. Miguu kwenye filamu hizi haina mapigo sawa, na ukiifuata utakuwa unayumba. Linganisha hatua ya kwanza, basi.

Sherehe ndiyo inayompima mpigaji. Ukipiga furaha tupu, unadanganya. Ukipiga huzuni tupu, unafichua siri ambayo familia bado haijui. Piga walsi ya mapigo matatu katika F, nyepesi, safi. Kila vipimo vinne au nane ingiza chini kabisa, kwa sauti ndogo, noti mbili za mwanzo za mada ya barua zisizokubaliana na walsi. Watazamaji wataihisi bila kujua wameisikia wapi.

Kwa ule mkono mfukoni, ishara ya onyo ni mke kulishika koti. Mkono unapoingia, walsi ikatike katikati ya kipimo, si mwishoni. Mwishoni ingesikika kama imeisha yenyewe. Kimya cha sekunde tatu hadi tano. Kisha mada peke yake, noti moja moja, bila besi. Hakuna kodi kubwa unayoweza kuipiga hapo itakayoushinda uso wa yule mwanamke.

Vichekesho na kukimbizana

Katika vichekesho piano iwe na uso mkavu kama wa mchekeshaji. Mdundo thabiti, noti fupi, nafasi nyingi. Mzaha huangukia kwenye nafasi, kwa hiyo kabla mtu hajateleza, punguza sauti na uache pengo. Kicheko kikija, endelea kwa sauti ndogo hadi kishuke. Kucheka kwa piano kabla ya watu ni kuwaeleza utani. Mdondoko au bamizo la mlango unaweza kulipiga kwa wakati wake ukiwa na uhakika kamili. Ukichelewa nusu sekunde ni vibaya kuliko kutolipiga, na katika kumi chagua mbili. Mlio wa bunduki, vivyo hivyo.

Kukimbizana kunaweza kudumu dakika nane, na mtego ni kuanza juu. Anza na nguvu ya nne kwa kumi, mapigo 140 hivi, na ujiwekee gia: kwanza ruwaza ya kushoto peke yake, pili, kulia kuingia, tatu, kupandisha ufunguo kwa nusu toni, nne, ruwaza kuhamia kulia na wimbo kwenda besini, tano, oktava. Oktava ya chini kabisa ya piano usiiguse hadi kilele. Mikono ikianza kuwaka katika dakika ya tatu, tatizo ni kifundo kilichokaza. Badili ruwaza kila nusu dakika, pishanisha mikono badala ya kurudiarudia oktava kwa mkono mmoja, na zungusha kiganja badala ya kukipigilia.

Maandishi, na wanamuziki kwenye picha

Kadi za maandishi hazisimamishi muziki. Ni mtu anaongea, na mtu akiongea mdundo hauvunjiki; punguza tu msongamano wa noti ili wasomaji wasome. Mtu akipiga fidla au bendi ikicheza kwenye picha, huna budi kumtii: anapoanza, anzeni pamoja, akiacha, acha. Kwa dansi tazama mabega ya wachezaji, si miguu, maana miguu mara nyingi imekatwa na fremu.

Nyimbo mashuhuri zina hatari mbili. Mtazamaji ataanza kuimba maneno kichwani na kuacha kutazama. Na wimbo wenye haki za mwenyewe unahitaji ruhusa kuupiga hadharani. Ulichokibuni hakina tatizo lolote kati ya hayo.

Ukumbini

Fika saa moja na nusu kabla. Piano iwe chini pembeni mwa skrini, imegeuzwa hivi kwamba ukiwa umekaa unaona picha nzima juu ya piano bila kukunja shingo zaidi ya nyuzi 30 hivi. Shingo itakaa hivyo kwa saa moja na nusu, kwa hiyo jaribu kwa dakika tano kabla ya kukubali. Ondoa kibao cha kuwekea noti kikikukinga. Karatasi za ishara zilale juu ya piano. Taa iwe ndogo, yenye kifuniko, na mwanga wake usifike kwenye skrini wala machoni mwa walioketi mbele. Kama ni kinanda cha umeme, dai vitufe 88 vyenye uzito, pedali iliyofungwa isiteleze, na spika ya kujisikia mwenyewe. Bila hiyo utapiga kwa nguvu usiku kucha.

Piga mwanzo wa filamu mtu akiwa amesimama nyuma kabisa. Ukumbi mtupu unavuma kuliko uliojaa, kwa hiyo pedali itakayofaa usiku ni zaidi kidogo ya ile ya mchana.

Mazoezi

Wiki ya kwanza na ya pili, dakika 20 kila siku: chukua video yoyote, zima sauti, piga dakika mbili ukiwa na kodi mbili tu. Marufuku kutazama vitufe. Wiki ya tatu ongeza mavuko ya noti ya pamoja. Ya nne, piga filamu fupi ya dakika 10 hadi 15, jirekodi, weka rekodi chini ya picha, tazama kesho yake. Siku ileile bado unasikia ulichokusudia. Kesho yake unasikia ulichopiga. Andika mahali ulipochelewa na mahali ulipozidisha noti. Wiki ya tano na ya sita rudia filamu ileile kwa muziki tofauti kabisa, kisha nyamaza kwa makusudi mara tatu ndani yake.

Rekodi nyingi za mwanzo zina magonjwa yaleyale. Mkono wa kulia unaozurura bila mada, kwa kuwa mpigaji anaogopa utupu. Ufunguo mmoja kwa dakika 20. Sentensi za vipimo vinne vinne zinazofunga kila mara kwenye do, hivyo filamu inasikika imeisha mara hamsini; tibu kwa kutua kwenye la au fa badala ya do. Pedali inayotia matope besini. Na sauti kubwa mno, ambayo tiba yake ni kuanza filamu kwa nusu ya nguvu unayodhani ni ndogo.

Filamu ikikatika au projekta ikizima, usiache kupiga ghafla: endelea na ruwaza tulivu hadi taa ziwake, kisha funga. Ikirudi, anza na mada ya onyesho lililokatika.

Kuhusu mwisho, kadi ya "Mwisho" mara nyingi hukaa sekunde chache tu, na usipojiandaa itakukuta katikati ya sentensi. Mara unapotambua onyesho la mwisho, weka so besini na uishikilie. Juu ya hiyo so unaweza kubuni sekunde 20 au dakika mbili, na popote utakapokatishwa, do iko hatua moja tu. Kadi ikitokea, tua kwenye do. Ikiendelea kukaa kuliko ulivyodhani, nenda fa kisha urudi do, kama ile "Amina" ya kwaya, mara moja au mbili. Shikilia kodi ya mwisho kwa pedali, na usiinue mguu hadi skrini iwe nyeusi.